Nyama ya babekiu ndani ya manda za Kiasia: ganda lipi likufae?

Kidari cha ng'ombe kilichokesha kwenye moshi kikibaki, wengi hukimbilia mkate. Si vibaya. Lakini nyama ile ile ikikatwakatwa, ikafungwa ndani ya manda na kutumbukizwa kwenye mafuta ya moto, unapata kitafunio cha kufungulia mlo: cha kushikwa kwa vidole, kikavu nje, chenye harufu ya moshi ndani. Ugumu unaanzia kwenye kuchagua manda. Zipo za roli nene, za roli nyembamba, za wontoni, za gyoza na za sambusa, na kila moja ina vituko vyake ikikutana na nyama yenye mafuta na sosi tamu.

Kwa upande wa ladha, ndoa hii haihitaji kulazimishwa. Mashariki mwa North Carolina nguruwe wa babekiu hutiwa siki na pilipili, na pembeni yake hakukosi kabichi. Ukipasua roli ya mkahawa wa Kichina kule kule Marekani, unakuta kabichi ndiyo imejaa. Kansas City hupenda sosi nzito ya nyanya na molasi (shira nyeusi ya miwa). Guangdong, kusini mwa China, kuna char siu, nyama ya nguruwe inayopakwa asali, sosi ya soya, hoisini (sosi nzito na tamu ya Kichina ya soya) na mchanganyiko wa Kichina wa viungo vitano, kisha ikaokwa hadi ing'ae. Mpishi wa kidari wa Texas hutosheka na chumvi na pilipili manga. Weka hao wote meza moja, watagombania vipimo tu.

Kinachoharibu vitafunio hivi ni maji na sukari.

Vigezo vya kulinganisha

Kidari au bega hulainika pale ndani ya nyama kunapofika karibu nyuzi 95 za Selsiasi, baada ya saa nyingi, kwa kuwa tishu ngumu zinazoshikilia misuli zimegeuka jelatini. Nyama hiyo ikipoa jelatini huganda, na mjazo unakunjika kwa raha bila kumwagika. Ikirudi kwenye moto inakuwa mchuzi. Sasa fikiria: mafuta ya kukaangia yako nyuzi 175 hivi, na maji hugeuka mvuke kwenye nyuzi 100. Mvuke huo utatafuta pa kutokea, na usipopata utapasua ganda. Sosi ya babekiu nayo imebeba sukari, na sukari huanza kugeuka kahawia kwenye nyuzi 160 hivi. Tone likivuja linaungua, linachafua mafuta, na kila kinachofuata kwenye karai hilo kinatoka na uchungu.

Kwa hiyo kila ganda nitalipima kwa mambo haya: linavumilia unyevu kiasi gani na hivyo linafaa nyama na sosi gani, linataka mafuta mengi au machache, ya joto gani, kazi ya mkono ni kubwa kiasi gani, na likishaiva linabaki kavu kwa muda gani kabla ya kutepeta. Uzuri wa umbo sikuuweka. Roli iliyopinda lakini haikuvuja huliwa na kusifiwa.

Mjazo: yaliyo sawa kwa maganda yote

Nyuzi ndefu za nyama iliyochambuliwa ni tamu kwenye sahani, ila ndani ya ganda zina kero moja: mtu anang'ata, anavuta, na mjazo wote unatoka kwa mkupuo huku ganda tupu likibaki mkononi. Kata nyama ukipita kinyume cha nyuzi zake, vipande visizidi sentimita moja. Mafuta magumu yaliyobaki pembeni yatoe, acha yale laini yaliyokwisha kuyeyukia ndani ya nyama.

Sosi iwe ya kushikanisha tu. Kwa gramu 250 za nyama, vijiko viwili vya chakula vinatosha. Inamisha bakuli: ukiona sosi inatiririka na kutuama upande mmoja, umezidisha. Sosi iliyobaki itakuwa ya kuchovea. Kabichi na karoti zikatwe nyembamba, zitiwe chumvi kidogo, zikae dakika kumi na tano, kisha zikamuliwe kwa mkono mpaka maji yaishe. Utashangaa yanavyotoka. Halafu mjazo mzima uingie kwenye friji hadi upoe kabisa, kwa sababu mjazo wa vuguvugu hulowesha manda kabla hata hazijaingia kwenye mafuta.

Kumbuka kwamba nyama hii imeshaiva. Mafuta yana kazi mbili tu, kukausha ganda na kupasha mjazo hadi nyuzi 74 katikati. Rangi ya waridi pembezoni mwa nyama ya moshi isikutie hofu, inatokana na moshi wenyewe. Kitu cha kuangalia kwa makini ni muda: nyama iliyopikwa isikae nje ya friji zaidi ya saa 2, na ndani ya friji itumike katika siku 3 hadi 4.

Kwa kukaangia, tumia mafuta yaliyosafishwa yasiyo na ladha kali: alizeti, karanga, kanola. Mafuta ya ufuta uliokaangwa ni ya kudondoshea kwenye mjazo au kwenye sosi. Ukiyafanya ya kukaangia yatatoa moshi mapema na utakuwa umeunguza pesa.

Roli nene

*Ganda, nyama na sosi.* Hii ndiyo roli ya mikahawa ya Wachina wa Marekani. Manda yake ni ya unga wa ngano na yai, mraba wa sentimita 17 hivi, na ikikaangwa huota malengelenge juu ya ngozi yake. Katika manda za ngano za kununua, hii ndiyo ngumu kuliko zote, kwa hiyo inasamehe. Bega la nguruwe lililochambuliwa pamoja na kabichi linakaa humu bila matata, na asiyekula nguruwe aweke bega la ng'ombe au mapaja ya kuku wa moshi. Hata sosi nzito ya Kansas City inavumilika ndani kwa kiasi. Mimi ningependekeza sosi ya siki ya Carolina kwenye mjazo, na hoisini iliyolegezwa kwa siki ya mchele na tangawizi iwe ya kuchovea. Ukichanganya sosi ya Kansas City na hoisini peke yake unapata sukari juu ya sukari, na baada ya kipande cha pili mtu anaomba maji.

*Mafuta.* Yanatakiwa marefu, kiasi cha sentimita 5 au zaidi kwenye sufuria nzito, nyuzi 175. Dakika 4 hadi 5 ukigeuza. Yakiwa baridi, ganda hili nene hunywa mafuta kupita mengine yote. Yakiwa makali mno, malengelenge huwa meusi wakati katikati bado pana ubaridi wa friji.

*Kazi.* Weka kona moja ya manda ikikuelekea. Mjazo, robo kikombe, uupange kwa mlalo chini kidogo ya katikati. Funika kwa kona ya chini na uivute kuelekea kwako ili hewa itoke, kunja pembe mbili za pembeni, viringisha, paka yai kwenye kona ya mwisho. Hewa inayobaki ndani hutanuka ikipata joto, na roli nyingi hupasuka kwa ajili yake, mjazo ukisingiziwa bure. Kwa anayeanza, hii ndiyo rahisi kujifunza, na kwa kuwa kila roli inabeba nyama nyingi, unakunja chache.

*Ikishaiva.* Isimamishe au ilaze kwenye wavu. Karatasi ya kunyonya mafuta huzuia mvuke kutoka chini na upande huo hutepeta. Kwenye wavu itabaki nzuri kwa karibu nusu saa. Ikate mshazari kabla tu ya kuipeleka mezani.

*Inamfaa* mwenye nyama nyingi, wageni wenye njaa, na mikono isiyo na uzoefu. Haimfai anayetaka kitu chepesi kabla ya mlo mkubwa, maana roli mbili ni mlo tayari.

Roli nyembamba

*Ganda, nyama na sosi.* Manda hizi hazina yai. Ni unga wa ngano, maji na mafuta kidogo, nyembamba kiasi kwamba ukiinua moja juu ya taa unaona kivuli cha vidole. Ndizo za lumpia ya Ufilipino na Indonesia, chakula kilichofika huko na wahamiaji wa Kichina kutoka Fujian, na ile ya Ufilipino iitwayo lumpiang Shanghai huviringishwa nyembamba kama kidole. Hapa unyevu ni adui wa wazi. Chukua sehemu isiyo na mafuta ya kidari, iliyopikwa kwa mtindo wa Texas, chumvi na pilipili manga tu, uikate ndogo sana, uongeze vitunguu majani na karoti iliyokamuliwa. Sosi ya babekiu isiingie ndani hata kidogo. Ukitaka ladha zaidi, tia sosi ya soya kijiko kimoja cha chai na unga wa pilipili.

*Mafuta.* Nyuzi 175 hadi 180, dakika 2 hadi 3. Kwa sababu roli yenyewe ni nyembamba huhitaji karai lenye kina, sentimita 3 za mafuta zinatosha ukigeuza.

*Kazi.* Manda hukauka na kukatika hewani, kwa hiyo fungua pakiti na papo hapo ifunike kwa kitambaa kibichi. Zitenganishe moja moja kwa subira, hasa zikitoka kwenye barafu. Gundi yake ni uji mzito wa unga wa ngano na maji. Kuviringisha kunataka mkono ulionyooka: roli ikilegea, mafuta huingia ndani, ikibana mno, hupasuka. Zoezi linakuja haraka, ila za mwanzo zitakuwa za mpishi kula jikoni.

*Ikishaiva.* Hapa ndipo inapopata heshima yake. Ganda lililokauka sawasawa hubaki likikatika kwa mlio muda mrefu kuliko yote niliyoyataja, na hata likipoa bado linaliwa.

Kuna ndugu yake wa Vietnam anayestahili neno: chả giò, ambayo kwa desturi huviringishwa kwa karatasi ya mchele. Ikikaangwa huwa kavu na yenye utafunaji wake wa pekee, na inamfaa asiyekula ngano (basi sosi ya soya nayo iwe isiyo na ngano, kwa maana nyingi zina ngano). Lakini karatasi hizo hung'ang'aniana ndani ya mafuta kama hazikuachiwa nafasi. Anza na nyuzi 160, zisigusane kwa dakika ya kwanza, kisha pandisha moto.

*Inamfaa* anayeandaa meza ya watu wa kuja na kuondoka, ambapo chakula hukaa nje kidogo, na anayependa ganda kuliko mjazo. Haimfai mwenye nyama iliyokwisha kuogelea kwenye sosi.

Wontoni

*Ganda, nyama na sosi.* Ni mraba mdogo wa sentimita 8 au 9, unga wa ngano na yai, unaobeba kijiko kimoja cha chai cha mjazo. Ganda ni jingi kuliko nyama, kwa hiyo nyama lazima iwe na ladha nzito la sivyo utakula unga wa kukaanga. Wamarekani walikwishavunja mwiko hapa walipojaza wontoni jibini laini na kaa na kuiita crab rangoon. Fuata njia hiyo hiyo: sehemu mbili za kidari kilichokatwa ndogo, sehemu moja ya jibini laini, vitunguu majani, tone la mafuta ya ufuta. Jibini hushika maji ya nyama na kuyazuia kuvuja, nayo hupunguza ukali wa moshi. Vipande vya pembeni vilivyoungua vizuri, vile vyeusi vyenye viungo vilivyokolea, hapa vinapata nafasi kuliko nyama laini ya katikati.

*Mafuta.* Nyuzi 175, dakika moja na nusu hadi mbili. Zinaiva haraka kiasi kwamba ukigeuka kupokea simu zimekuwa nyeusi. Usizimwage nyingi kwa pamoja, joto litashuka. Mafuta yenyewe yatakuambia: mwanzoni hupiga kelele na kutoa mapovu makubwa kwa sababu maji ya ganda yanatoka, kisha mapovu hupungua na sauti hutulia. Sauti ikitulia, toa.

*Kazi.* Kukunja wontoni moja ni rahisi, pembetatu na maji kidogo pembezoni. Kukunja za kutosha watu kumi ni jambo lingine. Tafuta msaidizi, au panga kuzikunja mapema na kuzigandisha kwenye sinia zisigusane. Zikishakuwa ngumu ndipo uziweke kwenye mfuko wa friji. Zinakaangwa zikiwa na barafu yake, zikiongezewa nusu dakika au zaidi. Usiziyeyushe kwanza, ganda litalowa.

*Ikishaiva.* Ncha zake hubaki kavu muda wa kuridhisha, ila kitumbo chenye jibini hulainika mapema. Na tahadhari: jibini ndani ni ya moto kuliko ganda linavyoonyesha. Iache dakika tatu.

Kwa kuchovea, jaribu sosi nyeupe ya Alabama, ile ya mayonesi na siki iliyozaliwa Decatur kwenye mkahawa wa Big Bob Gibson ulioanza mwaka 1925, ukiitia wasabi kidogo. Kwa wontoni za kuku wa moshi (hizo zisiwe na jibini), sijaona inayoishinda.

*Inamfaa* mwenye mabaki machache ya nyama na wageni wengi, na shughuli ya kusimama ambapo mkono mmoja umeshika glasi. Haimfai asiye na muda wa kukunja.

Gyoza

*Ganda, nyama na sosi.* Gyoza ni uzao wa Kijapani wa jiaozi ya Kichina, na ilienea Japani baada ya Vita vya Pili vya Dunia na watu waliorudi kutoka Manchuria. Ganda ni la duara, sentimita 9 hivi, unga na maji bila yai. Na hapa kanuni ya unyevu inapinduka. Kwenye maganda mengine jelatini ya kidari ni kero. Kwenye gyoza ndiyo utamu. Nyama ikitoka kwenye friji imeganda, unaikunja bila shida, kisha ndani ya mvuke inayeyuka na kuwa mchuzi unaokaa ndani kwa sababu ganda haliogelei kwenye mafuta ya nyuzi 175. Wachina wa Shanghai hutumia ujanja wa jelatini kama huo kutia supu ndani ya xiaolongbao, donge lao la unga linalojazwa nyama na kupikwa kwa mvuke. Kwa hiyo chukua upande wa kidari wenye mafuta laini, ule ambao nilikukataza kwenye roli nyembamba. Ongeza kabichi iliyokamuliwa, tangawizi, kitunguu saumu. Sosi tamu isizidi, kwani ikivuja itaungulia kwenye kikaango.

*Mafuta.* Kijiko kimoja au viwili vya chakula, basi. Panga gyoza kwenye kikaango kisichoshika, kaanga upande wa chini dakika 2 hadi uwe kahawia, mimina maji robo kikombe, funika papo hapo. Dakika 3 hadi 4 zinatosha, kwa kuwa nyama imeshaiva na unasubiri ganda tu. Funua. Utasikia sauti ikibadilika, kutoka mchemko wa maji kwenda mkaango mkavu. Ipe dakika moja tangu sauti ibadilike, kisha pindua juu ya sahani.

*Kazi.* Mikunjo midogo ya upande mmoja inataka mazoezi, lakini ukiikosa, kunja nusu duara na ubane kwa nguvu. Itakaa kikaangoni vile vile.

*Ikishaiva.* Huu ndio udhaifu wake. Chini ni kavu, juu ni laini, na katika dakika kumi pande zote zimekuwa laini. Haitaki kusubiri mtu.

Cha kuchovea hakihitaji ubunifu mkubwa. Sosi ya siki na pilipili ya mashariki ya North Carolina ni binamu wa siki, soya na mafuta ya pilipili ambavyo Mjapani huchovea gyoza. Changanya nusu kwa nusu.

*Inamfaa* anayepikia watu wanne au sita walioketi karibu na jiko, asiyetaka sufuria nzima ya mafuta ya kutupa baadaye, na mwenye nyama iliyonona. Haimfai mwenye ukumbi wa watu hamsini.

Sambusa

*Ganda, nyama na sosi.* Pembetatu hii ilipita Asia ya Kati ikaingia India, na katika karne ya 14 msafiri Ibn Battuta aliikuta kwenye karamu za sultani wa Delhi ikiwa imejaa nyama, lozi, pistachio na jozi. Yapo maganda mawili. Manda nyembamba za ukanda hutaka mjazo mkavu sawa na roli nyembamba, pengine zaidi, kwa kuwa kila kona ni tundu linalosubiri kuvuja. Donge nene la India ya kaskazini, lililokandwa na samli, linavumilia zaidi. Kwa yote mawili, nyama ya moshi iliyopakwa viungo vikavu bila sosi ndiyo yenyewe: ikatekate, uirudishe kikaangoni na vitunguu maji hadi maji yakauke, maliza kwa dania na bizari. Nguvu ya sambusa ni kwamba imezoea viungo vizito, kwa hiyo moshi mkali hauimezi ladha nyingine kama unavyofanya kwenye wontoni.

*Mafuta.* Za manda nyembamba, nyuzi 170 hadi 175, dakika 3 hadi 4. Za donge nene huanza chini, nyuzi 150 hadi 160, na huchukua dakika kumi au zaidi. Ukizikimbiza kwa moto mkali zitakuwa na rangi nzuri na unga mbichi ndani.

*Kazi.* Kwa mwenye mkono wa sambusa, hakuna la kueleza. Kwa asiye nao, kutengeneza mfuko wa pembetatu usio na tundu ndiyo kazi ngumu kuliko zote kwenye orodha hii. Uji wa unga uwe mzito na uupake kwa ukarimu kwenye kona.

*Ikishaiva.* Ya donge nene hubaki na uimara wake kwa saa nzima au zaidi. Ya manda nyembamba hukaribia roli nyembamba.

Sosi ya Kansas City ukiilegeza kwa maji ya ukwaju badala ya kuongeza siki, inapata uchachu mzito unaokaa na molasi vizuri kuliko siki yenyewe. Hii ningeipeleka hata kwenye roli nene.

*Inamfaa* mwenye wageni wapenda viungo, mwenye nyama iliyokauka kidogo kwenye moshi na inayohitaji kuokolewa, na anayelazimika kupika saa moja kabla. Haimfai anayetaka ladha ya babekiu isimame peke yake.

Uamue kwa hali yako

Angalia kwanza nyama iliyopo kabla ya kwenda kununua manda. Ikiwa ilishachanganywa na sosi na haiwezekani kuikausha, roli nene ndiyo itakayokustahi. Vinginevyo itandaze kikaangoni ipoteze maji, kisha fikiria sambusa. Ikiwa imenona na haina sosi, gyoza, mradi wageni wameshafika. Ikiwa kavu na yenye chumvi na pilipili tu, njia zote ziko wazi, nami ningeegemea roli nyembamba.

Kama chakula kitakaa mezani zaidi ya nusu saa, ondoa gyoza kwenye mawazo na wontoni zenye jibini uzifikirie mara mbili. Roli nyembamba au sambusa ya donge nene zitakuvusha. Na kama unapikia sehemu moja kisha unasafirisha, usifunike chombo wakati vitafunio bado ni vya moto, mvuke utamaliza kazi yako yote njiani. Pasha kwenye oveni ya nyuzi 190 kwa dakika chache, juu ya wavu.

Asiye na kipimajoto cha mafuta aanze na gyoza, haimdai. Mwenye muda siku ya kabla na si siku yenyewe akunje wontoni au roli na kugandisha. Familia yenye watoto wasiopenda pilipili itafurahia roli nene iliyokatwa vipande, sosi kali ikiwekwa kando kwa wakubwa. Walaji wasiogusa ngano wana karatasi ya mchele, na kwao kaanga kwenye mafuta ambayo hayajapita ngano.

Na hata ukishaamua, usikunje zote kwanza. Kunja moja, ikaange, ikate katikati. Ukikuta ganda kavu na katikati pa moto, endelea. Ukikuta mjazo umetengana na ganda na sosi imetuama chini, rudisha mjazo kikaangoni uukaushe kabla hujaharibu pakiti nzima ya manda.